Daktari aliyeziba jeraha la mwenzake kwa vidole katikati ya mechi

Dodoma. Dodoma Jiji ikicheza pale Jamhuri jioni ya upepo na vumbi, kuna tukio ambalo mashabiki wengi hawalitazami mara mbili. Mchezaji anaanguka, refa anapuliza filimbi na kuonyesha ishara kuelekea benchi, jamaa wawili wenye begi wanatimka kuingia uwanjani. Jukwaani tayari watu wanazomea kwamba anapoteza muda. Nusu dakika baadaye kapuliziwa dawa ya baridi, kainuka, anachechemea kidogo, mpira unaendelea na kila mtu kasahau.

Sasa vuta picha begi halipo. Benchi halina daktari, gari la wagonjwa halipo kwa sababu magari yenyewe hayajafika mitaani. Mchezaji yuko chini, shingo imechanwa na chuma, damu inatoka. Na mtu pekee anayejua la kufanya ni nahodha wake, pandikizi la mtu mwenye ndevu zinazofika kifuani, ambaye dakika moja iliyopita alikuwa anapanga walinzi wake uwanjani.

Ilitokea kweli, Julai 1887, Old Trafford, Manchester. Shabiki wa Man United asikimbilie kushangilia: ni Old Trafford ya kriketi, ambayo ilikuwepo miongo kadhaa kabla ya jirani yake wa soka kufunguliwa mwaka 1910. Gloucestershire walikuwa wageni wa Lancashire. Kijana wao Arthur Croome aliufukuza mpira hadi ukingoni, akashindwa kujizuia, akaangukia uzio wa vyuma wenye ncha. Ncha moja ikaingia shingoni.

Nahodha alifika, akapiga magoti, akashika kingo za jeraha kwa vidole vyake na kuzibana. Sindano ya kushonea haikuwepo uwanjani, ikabidi itafutwe. Kwa karibu nusu saa mtu yule hakuachia. Waliokuwepo walisema baadaye kwamba mkono ungetetereka kidogo tu, kijana alikuwa anakwenda.

Huyo nahodha ni William Gilbert Grace. Waingereza walimwita kwa herufi mbili tu, W.G., na wengi walimwita Daktari. Habari ya Croome tuiache hapo kwanza, tutairudia.

Kriketi kwa shabiki wa soka

Kwa ambaye hajawahi kuiangalia kriketi, mambo ni haya kwa ufupi. Timu mbili za watu 11, kama soka. Mrushaji anarusha mpira mgumu, mpigaji amesimama mbele ya vijiti vitatu anavilinda kwa gongo bapa. Akiupiga mpira mbali anakimbia kwenda upande wa pili, na kila akifika unahesabika mkimbio mmoja. Vijiti vikiangushwa, au mpira ukidakwa hewani, anatoka. Kufikisha mikimbio 100 bila kutolewa ni kama kupiga hat-trick, ila yenyewe inaweza kuchukua nusu siku.

Kwetu mchezo huu haujawahi kujaza jukwaa kama Simba na Yanga, lakini si mgeni. Mwaka 1975 timu ya pamoja ya Afrika Mashariki, ikiwa na wachezaji kutoka Tanzania, Kenya na Uganda, ilicheza Kombe la Dunia la kwanza kule Uingereza. Ilipoteza mechi zake zote tatu, tena mbele ya New Zealand, India na Uingereza. Vijana wetu wa chini ya miaka 19 wamekata tiketi ya Kombe la Dunia la 2026, kwa mara ya kwanza katika historia.

Lakini Grace haingii kwenye kurasa hizi kwa sababu ya mikimbio tu. Swali lililomzunguka kwa miaka 11 ndilo linalozunguka nyumba nyingi za Chang'ombe, Nkuhungu na Area C. Mtoto ana mguu, mtoto ana kichwa, amechukua PCB, mwalimu anasema atafika mbali na kocha naye anasema hivyo hivyo. Sasa aende wapi? Wazazi wengi wa Dodoma, mji wenye vyuo vikuu na hospitali kubwa, jibu lao linajulikana kabla kijana hajamaliza kuuliza. Nyumbani kwa akina Grace jibu lilikuwa tofauti kidogo.

Mama kocha

Alizaliwa Julai 18, 1848 katika kijiji cha Downend, nje kidogo ya mji wa Bristol. Baba yake, Henry, alikuwa daktari wa kijiji aliyezunguka kwa farasi kwa wagonjwa, na akipata nafasi anacheza kriketi. Nyumba ilikuwa na watoto tisa, W.G. akiwa wa nane. Baba alisafisha sehemu ya shamba la matofaa akaitengeneza kuwa kiwanja, na hapo ndipo familia nzima ilifanya mazoezi, hadi mbwa wa nyumbani wakitumwa kuokota mipira.

Mwenye jicho la mchezo, hata hivyo, alikuwa mama, Martha. Inasimuliwa kwamba alimwandikia barua mkubwa mmoja wa kriketi kumpigia debe mwanawe E.M., halafu akaongeza kwamba anaye mdogo zaidi nyumbani ambaye atakuja kuwa bora kuliko huyo, kwa sababu anajua kuzuia mpira vizuri. Mdogo huyo alikuwa W.G. Leo mama huyo angekuwa anakaa jukwaani na daftari, anawatajia maskauti majina.

Katika nyumba ile udaktari na kriketi havikuwa maadui. Baba daktari, kaka zake Henry, Alfred na E.M. wote wakawa madaktari, na wote walishika gongo. Kwa hiyo W.G. hakuambiwa achague. Aliambiwa afanye vyote.

Na kipaji hakikungoja. Alianza kucheza mechi za daraja la juu mwaka 1865 akiwa na miaka 16. Mwaka uliofuata, akiwa ametimiza 18 siku chache tu nyuma, akaingia The Oval, London, dhidi ya Surrey na kupiga mikimbio 224 bila kutolewa. Mechi za kriketi ya zamani zilikwenda siku kadhaa, na mechi ile ikiwa bado inaendelea kijana akaomba ruhusa kwa nahodha wake. Anakwenda wapi? Crystal Palace, kukimbia yadi 440 kuruka viunzi 20. Akaruhusiwa. Akaenda, akashinda. Fikiria straika wa leo anamwambia kocha wakati wa mapumziko kwamba anapita mara moja Uwanja wa Uhuru kukimbia riadha, atarudi.

Kwa faida ya mashabiki wa kabumbu: aliwahi pia kucheza soka na Wanderers, klabu ya London iliyobeba Kombe la FA la kwanza kabisa mwaka 1872. Soka halikumkamata sana. Mwili ulikuwa unazidi kuwa mkubwa, na miaka ya baadaye alivuka kilo 100.

Miaka 11 ya kusoma

Oktoba 1868 alijiandikisha katika shule ya udaktari ya Bristol. Alikuwa na miaka 20 na tayari watu walimtaja kama mpigaji bora wa nchi. Kozi ile wenzake waliimaliza kwa miaka michache. Yeye alifuzu Novemba 1879.

Ndiyo, miaka 11. Si kwamba alikuwa mzito wa kichwa. Tazama tu alichokuwa anafanya katikati. Mwaka 1871 alipiga mikimbio 2,739 katika msimu mmoja, wakati ambapo viwanja vilikuwa na mabonde na mawe, mpira ukidunda unaweza kukupiga goti au jino. Mwisho wa mwaka huohuo baba yake alifariki, na mtu aliyekuwa akimsukuma asome akawa hayupo. Agosti 1876 ndani ya siku nane alipiga 344 dhidi ya Kent, 177 dhidi ya Nottinghamshire, na 318 bila kutolewa dhidi ya Yorkshire. Kabla ya hapo hakuna mtu aliyewahi kufikisha 300 katika mechi ya daraja la juu. Yeye alizifikisha mara mbili wiki hiyo hiyo, kama mtu anayerudi dukani kuchukua chenji aliyoisahau.

Sasa mwambie mtu huyo aingie darasani asubuhi kukariri mifupa ya mkono.

Alioa Oktoba 1873, mkewe akiitwa Agnes, na fungate yao ilikuwa ziara ya kriketi kwenda Australia. Waliporudi, masomo yaliendelea kwa vipande, Bristol kisha London katika hospitali za St Bartholomew's na Westminster, watoto wakizaliwa katikati. Mara nyingi alisoma majira ya baridi na kucheza majira ya joto. Aliyemaliza mwaka 1879 hakuwa kijana tena. Alikuwa baba wa familia, ana miaka 31, na bado alikwenda kukaa kwenye mtihani na vijana wa miaka 22.

Hapa ndipo hadithi yake inapowahusu vijana wetu, na ndipo inapoanza kuwa na ukakasi. Kwa sababu swali la pili ni hili: nani alilipa?

Ridhaa yenye mkwanja

Kriketi ya Uingereza wakati huo iligawa wachezaji makundi mawili. Waungwana, waliocheza kwa ridhaa bila mshahara, na wachezaji wa kulipwa, wengi wao watoto wa wafanyakazi. Walitumia milango tofauti na vyumba tofauti vya kubadilishia nguo. Grace, mtoto wa daktari, alihesabiwa muungwana. Kwenye karatasi alicheza bure.

Kwenye ziara ile ya Australia, Grace wa ridhaa alilipwa pauni 1,500. Wachezaji wa kulipwa aliosafiri nao walipata pauni 150 kila mmoja na posho kidogo, na melini walikaa daraja la pili wakati yeye yupo la kwanza. Mwaka 1891 alikwenda tena, safari hii kwa pauni 3,000, pamoja na gharama za daktari wa kumshikia zahanati akiwa hayupo. Nyumbani pia, klabu yake ya Gloucestershire ilikuwa ikigharamia daktari wa kukaimu wakati wa msimu. Gharama zake za safari ziliwahi kuzua maswali hadi klabu ikaitisha kikao kuzijadili.

Mwaka 1879, alipokuwa anamaliza masomo, mashabiki na vigogo wa kriketi walichangishana pauni 1,458 kumsaidia kuanza kazi ya udaktari, akakabidhiwa pale Lord's pamoja na saa ya mezani ya marumaru. Wakati huo mchezaji wa kulipwa alikuwa anachukua kama pauni tano kwa mechi.

Kilio cha wachezaji wa kulipwa kilipasuka mwaka 1896. Watano kati yao waligoma kabla ya mechi ya kimataifa dhidi ya Australia pale The Oval, wakitaka pauni 20 badala ya 10, na moja ya hoja zao ilikuwa kwamba waungwana fulani wanachota zaidi kupitia kifuniko cha "gharama". Kila mtu alijua fulani ni nani. Klabu ya Surrey ilibidi itoe tamko kwamba Grace alikuwa akipewa pauni 10 za matumizi tu. Watatu wakarudi kikosini, wawili, Lohmann na Gunn, wakabaki nje.

Hapa hakuna haja ya kumpamba. Grace alifaidi mfumo uliowabana wenzake waliokuwa wakitokwa jasho lile lile. Watetezi wake wanasema watu walimiminika uwanjani kwa ajili yake, na inasimuliwa kwamba viwanja vingine vilipandisha kiingilio mara mbili akicheza. Ni kweli. Ila hata Lohmann watu walilipa kumtazama.

Usiku kwa mgonjwa, asubuhi uwanjani

Pamoja na hayo yote, udaktari wake haukuwa wa jina. Alifungua zahanati Stapleton Road, mtaa wa Easton, Bristol. Haukuwa mtaa wa matajiri. Waliishi wafanyakazi wa viwandani na wachimbaji wa makaa ya mawe, na Grace alikuwa pia daktari wa wasiojiweza waliohudumiwa na serikali ya eneo lile. Majira ya joto alikuwa shujaa wa nchi, majira ya baridi anatembea kwenye matope ya Easton akisikiliza vifua vya watu wanaokohoa vumbi la makaa. Sifa iliyobaki Bristol ni kwamba hakuwa mkali wa kudai ada kwa asiye nacho.

Mwaka 1885, katika mechi dhidi ya Middlesex, inasimuliwa kwamba alikesha usiku mzima kando ya kitanda cha mama aliyekuwa anajifungua. Asubuhi akarudi uwanjani bila kulala, akapiga 221 bila kutolewa. Yeyote aliyewahi kuwa zamu ya usiku wodi ya wazazi anaweza kuthibitisha ugumu wa kusimama tu, achilia mbali kukimbia.

Uwanjani alikuwa mtu mwingine. Mjanja, mbishi, hapendi kushindwa hata kwa kete. Mwaka 1882, mechi ya kimataifa The Oval, kijana wa Australia Sammy Jones alitoka kwenye mstari wake kusawazisha nyasi kwa mkono, akidhani mpira umekufa. Grace alikuwa nao mkononi. Akaangusha vijiti, akadai atolewe, mwamuzi akakubali. Kisheria hakukosea. Waaustralia walichukia vibaya, na mrushaji wao Fred Spofforth akaingia kipindi cha pili na moto. Alimaliza mechi na wiketi 14, Uingereza ikafa kwa mikimbio saba tu ikiwa nyumbani. Kichapo hicho ndicho kilichozaa jina la Ashes, kombe ambalo nchi hizo mbili zinagombea hadi leo. Ujanja wa daktari uliigharimu nchi yake.

Waliomshinda mikononi

Kuna upande wa maisha yake ambao haumo kwenye vitabu vya rekodi.

Septemba 1880 The Oval iliandaa mechi ya kwanza kabisa ya kimataifa ya Test kwenye ardhi ya Uingereza, dhidi ya Australia. Ndugu watatu wa familia ya Grace walikuwemo: E.M., W.G. na mdogo wao Fred. W.G. alipiga 152. Fred alitolewa bila mkimbio hata mmoja mara zote mbili, lakini alidaka mpira wa Mwaustralia Bonnor uliopaa juu kiasi kwamba wapigaji walikuwa wameshakimbia wakaanza kugeuka tena kabla haujashuka. Wiki mbili baadaye Fred alifariki. Nimonia. Alikuwa na miaka 29, na nyumba yao ilikuwa imejaa madaktari.

Mwaka 1884 Gloucestershire walikuwa pale pale Old Trafford telegramu ilipofika uwanjani: mama Martha amefariki. Mechi ikasimamishwa, W.G. na E.M. wakapanda treni kurudi nyumbani.

Februari 1899 binti yake wa pekee, Bessie, alikufa kwa homa ya matumbo akiwa na miaka 20. Mwaka 1905 kijana wake mkubwa, aliyebeba jina lake, alifariki baada ya upasuaji wa kidole tumbo, akiwa na miaka 30. Homa ya matumbo, kidole tumbo na nimonia ni magonjwa ambayo leo hospitali ya wilaya inayapokea kila wiki na wagonjwa wengi wanarudi nyumbani. Wakati ule hakukuwa na antibaiotiki. Daktari mwenye mikono iliyotulia kuliko yote Uingereza alikuwa na kipimajoto, maji ya baridi na maombi.

Aliendelea kucheza. Mei 1895, akiwa anaelekea miaka 47, wakati watu wa umri wake walikuwa wanasinzia kwenye viti, alipiga mikimbio 1,000 ndani ya mwezi mmoja na kuwa mtu wa kwanza kufikisha mara 100 alama za mia na zaidi katika maisha yake ya mchezo. Michango ya mashabiki mwaka huo, mingine shilingi moja moja kupitia gazeti, ilifika zaidi ya pauni 9,000. Kufikia mwisho wa muongo ule udaktari ulikuwa nyuma yake, akahamia London kuongoza timu mpya pale Crystal Palace.

Sócrates na Mvumi

Wapenzi wa soka wanaye wao wa kumlinganisha naye. Sócrates, nahodha wa Brazil katika Kombe la Dunia la 1982, alisomea udaktari Ribeirão Preto huku akiichezea Botafogo ya mji huo. Alikubali kwenda Corinthians mwaka 1978, baada ya kuhitimu. Tofauti na Grace, yeye soka lilisubiri vitabu, na klabu yake ya kwanza ilivumilia akose mazoezi kwa sababu ya chuo. Alikuwa daktari anayevuta sigara na kunywa, akafariki mwaka 2011 akiwa na miaka 57.

Dodoma nayo iliwahi kupata daktari aliyetokea viwanjani, ingawa si wa kriketi. Kilomita kama 40 kutoka mjini kuna Mvumi, na hospitali ya pale iliyoanzishwa na wamisionari wa Kianglikana. Mwaka 1938 alifika Mwaustralia mmoja, Paul White, aliyekuwa mkimbiaji wa Chuo Kikuu cha Sydney enzi za masomo yake. Alizaliwa mwaka 1910 Bowral, mji mdogo ambao ndio huo huo alikokulia Don Bradman, mpigaji ambaye wengi wanamweka juu hata ya Grace. Bradman akabaki na gongo, White akaja Ugogo na familia yake, kwenye malaria, macho yaliyoharibika kwa trakoma na njia ambazo mvua ikinyesha hazipitiki. Hakukaa sana. Ugonjwa wa mkewe uliwarudisha kwao mwaka 1941. Kutokana na miaka ile mitatu aliandika vitabu vya "Jungle Doctor" vilivyotafsiriwa kwa lugha nyingi duniani. Kwa hiyo kuna watoto wa Sydney na London waliolala wakisikia habari za Wagogo kabla hawajajua Dodoma ipo upande gani wa ramani.

Mechi ya mwisho

Grace alicheza mechi yake ya mwisho ya daraja la juu mwaka 1908, miaka 59. Mara yake ya mwisho kupiga, katika mechi ya mtaani tu, ilikuwa Julai 25, 1914 dhidi ya Grove Park. Babu wa miaka 66 akaingia, akapiga 69, hakutolewa. Siku chache baadaye Vita Kuu ikaanza. Mwezi uliofuata aliandika barua gazetini akitaka msimu ukatishwe na wachezaji wenye nguvu waende jeshini. Mwaka 1915 ndege za Zeppelin za Wajerumani zilianza kudondosha mabomu London, na mzee akawa hana raha. Alipata kiharusi mapema Oktoba, akafariki Oktoba 23 nyumbani kwake Mottingham.

Na Croome? Sindano ilifika. Jeraha likashonwa, kijana akapona. Alikuwa mruka viunzi hodari wa Oxford, kama nahodha wake alivyokuwa siku ile ya Crystal Palace, na baada ya kuacha kucheza akageukia uandishi wa habari za michezo. Aliandika kriketi magazetini kwa miaka mingi, akiwa na kovu shingoni, hadi alipofariki mwaka 1930, miaka 15 baada ya mtu aliyemshikilia pale ukingoni mwa uwanja.